Kimya Chenye Urefu wa Jina

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, aliyemfundisha binadamu wa kwanza majina ya vitu vyote, na akamjua kila mja kwa jina lake kabla mzazi hajalitamka: kwake tunaanza, na kwake tunajikinga na shari ya kila kinachotusikiliza nasi hatukioni.

Ama baada ya hayo, habari hii nimeipokea kinywani mwa mhariri wa filamu, mume wa mpwa wangu, mtu mkavu wa maneno asiyejua kupamba jambo, naye alikuwapo. Mengine yametoka kwa shangazi wa yule aliyepatwa na haya, kabla shangazi huyo hajafariki, Mungu amrehemu. Na yale ambayo hakutoka shahidi kuyasema, nimeyasimulia kwa kadiri kilichosikika kinavyoyaonyesha. Ajuaye zaidi ni Mungu.

Palikuwa na mwanamke mtengenezaji wa filamu ambaye tangu utotoni watu walimwita Jicho, kwa tabia yake ya kumkodolea mtu mpaka mtu huyo akaanza kujikagua vifungo vya shati. Filamu zake hazikuwa za mapigano wala za mapenzi. Aliwarekodi watu wa kawaida wakisimulia maisha yao, kisha akafanya jambo ambalo wengi hawakulielewa: aliiondoa sura ya msimulizi akaibakiza sauti, na sauti hiyo akaitia katika sikio la mtu mwingine. Mtu huyo wa pili aliketi mbele ya kamera na kisikilizi kidogo sikioni, akachezesha midomo sambamba na maneno asiyoyatoa yeye, pumzi kwa pumzi, kikohozi kwa kikohozi. Mtazamaji akamwona kijana mwenye ndevu changa akisema kwa sauti ya bibi kizee. Jicho alisema kwamba kumbukumbu ni kama nguo, na yeye alitaka kuona ni nani mwingine inamkaa.

Kazi hiyo aliifanyia katika ghala lililokuwa la vitambaa, nyuma ya jengo la maduka. Madirisha yalikuwa yamezibwa kwa matofali. Kuta zote zilivishwa magodoro makuukuu yaliyokazwa kwa mbao, ili kelele za mtaani zisiingie na za ndani zisitoke. Ukipiga makofi humo, makofi yalikufia kiganjani.

Mhariri wake, huyo niliyemtaja, yeye alimpa jina la Mkasi. Asubuhi ambayo jambo hili lilianza, Mkasi alikuwa akifuta vumbi kwenye kioo cha kompyuta kwa pindo la shati.

"Bosi, leo anakuja nani?"

"Shangazi."

"Yule aliyeniambia nimekonda kama waya wa antena?"

"Huyo huyo. Tafadhali usimjibu."

"Nimjibu na nini? Hata kivuli changu alikisema."

Wakacheka. Filamu ya safari hii ilimhusu Jicho mwenyewe. Hakuwa na kumbukumbu hata moja ya siku zake kabla ya kuanza shule. Albamu ya nyumbani ilianza na yeye akiwa na pengo la meno ya mbele. Kabla ya pengo hilo, hakuna kitu. "Uliumwa, ukapona, ukasahau," mama yake alikuwa akimwambia, kisha akabadilisha mazungumzo. Mama huyo alimlea peke yake, akamsomesha kwa cherehani, na mpaka leo kila adhuhuri alimpigia simu kumuuliza kama amekula. Jicho alimpenda kuliko pumzi yake. Lakini pengo lilimwasha, na mtu anayewashwa hujikuna.

Shangazi alifika amejipaka wanja na kuvaa gauni la harusini.

"Usinipige upande huu, jino limeniaga."

"Shangazi, sura haitatumika. Nataka sauti tu."

"Sauti tu? Basi wanja huu wote nimempakia nani, huyu mwenye miguu ya kuku?"

Mkasi aliinamisha kichwa akajifanya anatafuta waya.

Shangazi alisimulia vizuri. Alisema Jicho alikuwa mtoto wa ajabu: kila alipovua viatu alivipanga vikitazamana, akasema vinazungumza. Akasimulia habari ya homa. "Basi mama yako alinituma nikupelekee maji. Nikasimama mlangoni nikakuita, nikasema..."

Akataja jina.

Halikuwa jina la Jicho. Lilikuwa jina fupi, la kike, ambalo Jicho hakuwahi kulisikia katika ukoo wao. Na papo hapo shangazi alijiziba mdomo kwa mikono miwili, na macho juu ya mikono ile yakawa ya mtu aliyeachia kitoto kikadondoka kisimani.

"Jina la nani hilo, shangazi?"

"Futa."

"La nani?"

"Futa, mwanangu. Futa nikiona."

Alipobembelezwa sana, alisema kwa sauti ya chini, na mkono wa mbele ya mdomo hakuushusha. Homa ile ilishinda kila dawa. Mama yake Jicho, kwa kuchanganyikiwa, akamwingiza nyumbani mwanamke mmoja aliyejidai kuyajua yasiyojulikana. Mwanamke yule alifunga mlango wa chumba cha mgonjwa, akakaa humo mchana kutwa, na alipotoka alisema: "Ataamka mmoja, atabaki mmoja. Atakayeamka mpeni jina jipya. La kwanza msilitaje tena maisha yenu, kwa maana mwenye nalo yumo ndani bado, na akiitwa atasikia." Mtoto akaamka. Hakumjua mama yake. Wakampa jina jipya, na jina hilo ndilo lililokuwa kwenye vyeti vya Jicho vyote.

"Kwa hiyo mimi ni yupi?" Jicho aliuliza.

Shangazi alimtazama kwa huruma.

Adhuhuri simu ililia. Shangazi alikuwa ameshampasha mama habari. Mama yake hakuuliza kama amekula.

"Umelifuta?"

"Nitalifuta, mama."

"Umelitamka kwa mdomo wako?"

"Hapana."

"Usilitamke. Mwanangu, mimi nina mtoto mmoja tu duniani. Usimchezee."

Jicho akaahidi, na ahadi aliitimiza, ila aliitimiza kifundi. Mkasi alilitafuta jina kwenye mistari ya sauti, akalikata, akalitupa. Kisha akauliza kama kawaida ya kazi yao:

"Nifunge nafasi, maneno yakutane?"

"Acha wazi."

"Itasikika kuwa pamekatwa."

"Ndiyo. Maisha yangu yana shimo. Filamu nayo iwe na shimo, la urefu ule ule."

Mhariri yeyote angeifunga nafasi ile. Wao, kwa kupenda usanii, waliiacha: kimya kitupu, chenye urefu wa jina, katikati ya sentensi ya mtu anayeita. Jina walilitoa. Wito ukabaki.

Kesho yake alikuja mwigizaji wa jukwaani waliyezoea kumtumia, mwanamke mcheshi aliyeitwa Kasuku kwa sababu hakuna sauti asiyoweza kuifuata. Akaketi kwenye kiti, akatia kisikilizi sikioni, akalegeza taya. Sauti ya shangazi ikaanza, na midomo ya Kasuku ikaipanda kama mguu uliozoea ngazi. Viatu vinavyotazamana. Homa. Maji. Nikakuita, nikasema...

Katika kimya, midomo ya Kasuku ilicheza.

Jicho alisimamisha kamera. "Dada, hapo hapana neno."

"Lipo."

"Tumelikata."

"Kasuku mimi nafuata ninachosikia, sitii chumvi. Kuna mtu amesema." Akakigusa kisikilizi. "Mtoto. Amesema, 'Abee?'"

Mkasi aliirudisha sauti, akaisikiliza kwa visikilizi vikubwa. Hakuna kitu. Waliitazama picha. Midomo ilijibana, ikafunguka, ikatabasamu. Lakini macho ya Kasuku, juu ya tabasamu lile, yalikuwa yanaogopa.

Walijaribu tena. Safari hii Kasuku alikichomoa kisikilizi kabla ya kimya kufika, akasimama, akachukua pochi yake.

"Jamani, mimi nina watoto wawili wa kulea. Mtafuteni kasuku mwingine." Mlangoni akageuka, akamnong'oneza Jicho: "Safari ya kwanza alikuwa mtoto. Sasa hivi ni mtu mzima. Ana sauti kama yako."

Mtu mwenye busara angelifunga ghala siku ile. Jicho aliketi kwenye kiti.

"Bosi, acha," Mkasi alisema.

"Kama ni sauti yangu, naisikiliza mimi. Washa."

Akawasha. Jicho akafumba macho. Sauti ya shangazi ilikuwa ya joto sikioni, karibu mno, na midomo yake ikaifuata bila taabu. Nikasimama mlangoni nikakuita, nikasema...

Kimya kilifika.

Kilikuwa kipana. Kwa nje kilikuwa pumzi moja. Kwa ndani kilikuwa chumba. Chumba chenye kitanda kidogo. Na juu ya kitanda alikaa mwanamke wa umri wake, mwenye sura yake, miguu imekunjwa kwa sababu kitanda kilikuwa cha mtoto. Alikuwa amekaa hivyo muda mrefu sana. Alisema kwa upole, kama mtu anayepokezana zamu kazini:

"Asante. Sasa kaa wewe."

Mkasi aliona midomo ya bosi wake ikiendelea kucheza. Sauti ya shangazi ilikwisha, midomo haikukoma. Alikichomoa kisikilizi. Haikukoma. Akamshika mabega. Ikakoma. Mwanamke akafumbua macho, akaitazama mikono yake, akaigeuza, akacheka kwa furaha ya mtu aliyepewa zawadi.

"Nimechoka kukaa," alisema. "Nipeleke kwa mama."

Na Jicho aliyaona yote hayo. Aliyaona akiwa palepale kwenye kiti. Aliona mgongo wake mwenyewe ukielekea mlangoni, ushungi wake mwenyewe ukining'inia upande. Aliona Mkasi akibeba begi. Akaita. Taa zikazimwa. Mlango ukafungwa.

Nje palikuwa mchana mweupe. Watu walikuwa wakinunua mkate.

Alitaka kusimama, hakuwa na magoti. Alitaka kupapasa, hakuwa na mkono. Kilichobaki kwake kilikuwa kusikiliza tu. Akapiga kelele, na magodoro yakainywa. Akapiga tena. Yakainywa. Kisha akaelewa jambo lililomtisha kuliko giza: hakuwa ghalani. Ghala lilikuwa nje yake. Yeye alikuwa ndani ya nafasi ile.

Huku nyuma, Mkasi alimfikisha yule mwanamke nyumbani. Mama alifungua mlango. Mwanamke alivua viatu, akainama, akavipanga kizingitini vikitazamana. Mama alivitazama viatu. Akamtazama usoni. Kisha akashuka chini taratibu, mkono ukiteleza kwenye fremu ya mlango, mpaka akaketi sakafuni.

"Mama, shangazi alisema ananiletea maji," mwanamke alisema. "Hakuleta."

Mkasi hakulala vizuri. Siku iliyofuata alirudi ghalani peke yake, akaketi mbele ya kompyuta, akaicheza ile rekodi kwa sababu hakujua la kufanya.

Kwa Jicho ilikuwa hivi: sauti ya shangazi ilipita juu yake kama lori lenye shehena, na katikati ya lori palikuwa na mwanya. Mwanya ukamfikia. Akasukuma neno.

Mkasi alivivua visikilizi kana kwamba vimemchoma. Alikaa. Akavivaa tena. Akarudisha nyuma.

Nikakuita, nikasema... "Mkasi..." ...nawe ukanyamaza.

Akarudisha.

"Siye yeye."

Akarudisha.

"Nipo humu."

Haikutosha zaidi ya hapo. Ukubwa wa nafasi ulikuwa ukubwa wa jina fupi la kike, na neno lolote lililozidi lilikatwa mkia. Akacheza, akarudisha, akacheza, kama mtu anayemnywesha mgonjwa kwa kijiko.

"Mama."

"Aniite."

"Jina langu."

"Upesi."

Alimpigia shangazi. Shangazi alilia, kisha akasema kwamba hata yule mwanamke wa zamani alilisema hilo: aliyebaki hutoka mwingine akiingia mahali pake, au akiitwa na aliyemzaa, kwa ridhaa yake. Mkasi akapiga simu ya pili, akamweleza mama yote, na habari ya ile nafasi iliyoachwa wazi.

Mama alikuja mchana. Hakuja peke yake. Yule mwingine alimsindikiza, amemshika mkono, amembebea mkoba, akasimama nje ya mlango kwenye jua na hakuingia. Alikuwa amemsuka mama nywele.

Mkasi alimkalisha. Akamvisha visikilizi kwa adabu, akavikaza.

"Sikiliza tu, mama. Halafu umwite. Jina lake la kwenye vyeti. Basi."

Akacheza.

Jicho alisikia pumzi ya mama yake. Aliijua, alikua nayo. Mwanya ukaja, naye akasukuma kwa nguvu zake zote.

"Mama."

Mama alifumba macho. Machozi yakapita chini ya kope.

"Rudisha," alisema.

"Mama, mimi."

"Rudisha."

"Niite."

Midomo ya mama ilifunguka. Jicho akaliona jina lake likija, akaiona herufi ya kwanza ikikaa kwenye ulimi. Chumba kilianza kupata mwanga. Akahisi goti. Akahisi kidole.

"Mama," yule wa mlangoni aliita, taratibu. Hakusema zaidi.

Mama aligeuka. Akamwona amesimama juani, na kope zake zimekunjamana kwa mwanga, kama za mtu ambaye macho yake hayajauzoea.

"Unajua alikaa humo miaka yote?" mama alimnong'oneza Mkasi. "Mimi napika, nacheka, nasherehekea huyu amefaulu mtihani. Yeye yupo kitandani ananisikia. Nilimfungia mimi. Kwa mkono wangu."

"Na huyu je, mama? Huyu umemlea."

"Nimemlea. Ameshiba mapenzi yangu. Yule hajapata hata tonge."

"Wote ni wanao."

"Ndiyo," alisema mama. "Kinachofunga nafasi ni kipi?"

Macho ya fundi yana mazoea yake. Yalikwenda yenyewe kwenye kitufe kabla hajayazuia. Mama akayafuata. Akanyoosha kidole kilichojaa makovu ya sindano.

"Mwanangu, nisamehe," alisema, na hakulitaja jina.

Akabonyeza.

Neno la mbele na neno la nyuma yakaanza kusogeleana. Jicho aliyaona kutoka pande zote mbili. Hapakuwa na kelele. Nikasema, huku. Nawe ukanyamaza, huku. Karibu. Karibu zaidi. Akavuta pumzi ili aseme.

Yakakutana.

Mama na binti waliondoka wameshikana mikono. Hadi habari hii inanifikia, majirani walikuwa wakiwasifu kwa jinsi wanavyopendana. Binti hapigi tena filamu, na haachani na mama yake hata kwenda dukani. Mwaka mama alipougua akapoteza fahamu, binti alimkalia kando akimwita, na mama alipoamka aliuliza jambo moja tu, kama kuna mtu mwingine aliyeitwa.

Mkasi aliirudia rekodi ile mara moja tu, kuhakikisha. Sentensi ya shangazi imeungana, hapana shimo. Lakini kwenye mshono palikuwa na kitu ambacho hakikuwapo: pumzi ikivutwa, fupi, ya mtu anayetaka kusema. Akaikata. Ikatokea kwenye kituo kilichofuata, pale shangazi alipotua. Akaikata hapo, ikahamia mbele. Akafunga vituo vyote, mpaka shangazi akawa anasema bila kupumua, maneno yamekanyagana kama watu wanaokimbia moto. Rekodi ikaisha. Na baada ya kuisha, pale ambapo mashine inaonyesha mstari umelala na hapana sauti yoyote, pumzi ile ikavutwa tena.

Sasa kazi yake ni kuuza rangi za nyumba. Redio yake haizimwi, hata akilala. Mpwa wangu ananiambia umeme unapokatika huamka papo hapo, akaanza kuongea peke yake kwa haraka, jambo lolote lile, mpaka umeme urudi.

Nanyi mliosikiliza mpaka hapa, Mwenyezi Mungu asikuacheni mahali pasipo mlango. Akujalieni wa kukuiteni kwa majina yenu mchana na usiku, na muitikapo, sauti zenu ziwafikie. Awarehemu waliotangulia na walionyamazishwa, awasikie wao kabla yetu. Amina.